Zeze la Hukwe Zawose: Jinsi Uimbaji wa Umati Ulivyobebwa na Mtu Mmoja

Hukwe Ubi Zawose alikuwa mwimbaji na mpiga zeze wa Kigogo. Alizaliwa Dodoma karibu na mwaka 1940, akafariki Bagamoyo tarehe 30 Desemba 2003. Katikati ya hapo alipita njia ambayo wanamuziki wachache sana wa vijijini Tanzania wamewahi kuipita: kutoka ngoma za nyumbani hadi kikundi cha sanaa cha taifa, kisha ualimu katika Chuo cha Sanaa Bagamoyo, kisha rekodi zilizotolewa Uingereza na Japani, na mwishowe majukwaa makubwa ya Ulaya na Amerika ya Kaskazini. Wanaomsimulia huanza na sauti yake, na wana haki, maana ilikuwa sauti ya ajabu. Lakini sauti peke yake haielezi jambo. Vijiji vya Tanzania vimejaa watu wenye sauti nzuri ambao hawajawahi kusikika nje ya kata zao. Zawose alikuwa na kazi nyingine ngumu zaidi aliyoifanya kwa miaka mingi: kuuchukua muziki ulioumbwa kwa ajili ya umati na kuufanya ubebwe na mtu mmoja au wawili, bila kubadili mpangilio wa sauti uliomo ndani yake.

Msomaji aliyekulia Handeni au Korogwe anacho kipimo cha kulinganishia. Katika selo ya Wazigua, au mdumange ya Wasambaa, mzigo wa muziki uko kwenye ngoma, kwa manju anayeanzisha, na kwa watu wanaoitikia huku wakicheza. Ukiwaondoa waitikiaji, anabaki mtu anayeita asijibiwe. Ndiyo sababu ngoma hizo husafiri kwa shida: kuipeleka selo jukwaani Dar es Salaam ni lazima kusafirisha kikundi kizima, na hata hivyo uwanja wa kijijini hubaki nyuma. Muziki wa Wagogo nao ni wa umati. Wanawake hupiga ngoma za muheme wakizibana kati ya mapaja, wanaume na wanawake huimba kwa sauti zaidi ya moja zinazopishana na kupatana, na mtu asiyeuzoea anaweza kudhani wamefundishwa na mwalimu wa kwaya. Lakini Wagogo wana pia zeze na ilimba (marimba ya vidole), na ala hizo mbili zimetegeshwa kwa sauti zilezile zinazoimbwa na watu. Anayezimudu anakuwa na waitikiaji wake mikononi. Huo ndio mlango alioupitia Zawose.

Zeze lenyewe ni ala rahisi kuitazama na ngumu kuipiga. Kibuyu hukatwa na mdomo wake kuwambwa ngozi. Mti mnyoofu hupenyezwa kuwa shingo. Kamba hufungwa kutoka ncha moja ya mti, zikavuka daraja dogo lililosimama juu ya ngozi, hadi kwenye vigingi vya kukazia. Upinde ni kijiti kilichokunjwa na kufungwa nyuzi zinazopakwa utomvu. Kamba za zamani zilikuwa za mishipa ya wanyama. Siku hizi ni waya au nailoni. Fidla za jamii hii zinapatikana sehemu nyingi za Afrika Mashariki, mfano orutu ya Wajaluo na endingidi ya Uganda, na nyuzi za katani, zao ambalo wakazi wa Korogwe wanalijua kuliko mtu yeyote, zimetumika sana kwenye pinde zake. Utomvu ndio siri ya sauti. Unaufanya upinde uishike kamba, uivute kidogo, uiachie, uishike tena, mara mamia kwa sekunde moja, na mtikisiko huo ndio unaoingia kwenye ngozi na kibuyu. Upinde usio na utomvu hupita kimya.

Mazeze mengi ni ya kamba moja au mbili. Zawose alipiga pia mazeze makubwa ya Kigogo yenye kamba nyingi, mengine zaidi ya kumi, na hapa uchambuzi unapaswa kutulia, kwa sababu kuongeza kamba si kuongeza kelele. Kwenye zeze la kamba moja mpigaji ana chaguo moja kwa kila wakati: noti hii au ile. Kamba zikiwa nyingi, upinde mmoja unagusa kadhaa kwa pamoja. Baadhi hubaki wazi na kuvuma bila kukoma, kama wazee wanaoshikilia sauti ya chini huku vijana wakizunguka juu yao, na nyingine hubonyezwa kwa vidole kutoa wimbo. Mti wa zeze hauna ubao wa kukandamizia kamba kama wa gitaa. Kidole hugusa kamba ikiwa hewani. Kikigusa kwa uzito, noti hupanda kidogo kidogo. Kikigusa kwa wepesi mahali fulani, kamba hujigawa yenyewe sehemu mbili, tatu au nne zilizo sawa, na sauti nyembamba ya mlio wa filimbi hutoka juu ya ile nene. Mpigaji mzuri hupita kutoka mguso mmoja hadi mwingine bila mshono kusikika.

Sauti hizo nyembamba ndizo zinazoeleza kwa nini muziki wa Wagogo unasikika tofauti na wa majirani zao. Kila kamba inayotikisika hutoa sauti yake ya msingi pamoja na nyingine nyingi juu yake zinazofuata hesabu nyepesi. Tuseme kamba inatikisika mara 100 kwa sekunde. Ndani ya sauti hiyo zimo pia 200, 300, 400, 500 na kuendelea. Gerhard Kubik, mtafiti wa Austria aliyechunguza muziki wa Afrika Mashariki kwa miaka mingi, alionyesha kwamba ngazi ya sauti ya Wagogo imejengwa juu ya sehemu ya mfululizo huo, kuanzia ya nne hadi ya tisa hivi. Kwa mfano wetu ni 400, 500, 600, 700, 800 na 900. Piano na gitaa havina noti kama hiyo ya 700. Noti iliyo karibu nayo kwenye piano iko juu kwa takriban theluthi moja ya nafasi iliyopo kati ya kitufe na kitufe kinachofuata. Hata ile ya 500 iko chini kidogo ya ile ya piano. Kwa sikio lililozoea bendi za magitaa, noti hizi mwanzoni hudhaniwa zimekosewa. Hazikukosewa hata kidogo. Ndizo zinazotoka kwenye kamba yenyewe kabla mtu hajaamua kuzisawazisha, na zikipigwa pamoja hutulia na kuungana kwa namna ambayo piano haiwezi kuifikia.

Upatanifu wa sauti nao hufuata ngazi hiyohiyo. Mwimbaji wa pili hamfuati wa kwanza kwa umbali usiobadilika; huruka noti moja ya ngazi na kusimama kwenye inayofuata. Wa kwanza akiwa kwenye 600, wa pili yuko 400. Wa kwanza akipanda 800, wa pili anakuja 600. Kwa kuwa hatua za ngazi hazilingani, umbali kati ya sauti mbili hubadilika kila wimbo unaposogea, mara mpana, mara mwembamba, na hapo ndipo utamu wa uimbaji wa Kigogo ulipo. Zawose aliijua kanuni hii kwa sikio tangu utotoni, kama anavyoijua kila mtu aliyekulia ndani yake. Alichofanya ni kuigawa kati ya koo lake na vidole vyake. Akiimba sauti ya kwanza, zeze linashika ya pili. Akishuka kwenye besi, zeze linapanda. Msikilizaji asiyeona jukwaa anaweza kuapa kwamba wako watu watatu.

Ilimba ilimpa upande wa pili wa kazi hiyo. Hii ni marimba ya vidole yenye sanduku la mbao na vyuma vingi vilivyopangwa juu yake, noti zikigawanywa kati ya dole gumba la kulia na la kushoto. Ilimba ya Wagogo ina mambo mawili yanayostahili kusikilizwa kwa makini. La kwanza ni vyuma vya katikati ambavyo havipigwi. Vimetegeshwa kwa noti zilezile za wenzao, na chuma kikipigwa pembeni, kile cha katikati chenye noti hiyo huitika chenyewe, hivyo kila noti huacha mwangwi nyuma yake. La pili ni tundu lililo kwenye ubao wa sanduku, linalozibwa kwa utando wa buibui. Ubao ukitikisika, utando hunguruma, na mlio wa chuma uliokuwa mkavu unapata mkwaruzo unaofanana na sauti ya mtu aliyekaza koo. Utando huo hupasuka na kubadilishwa mara kwa mara. Fundi wa studio asiyeufahamu anaweza kuuhesabu kuwa hitilafu ya kipaza sauti, kumbe bila huo ilimba haijakamilika.

Juu ya hayo Zawose alifunga njuga miguuni. Jambo linaonekana dogo, lakini ndilo lililofunga hesabu: miguu ikachukua nafasi ya ngoma, vidole vikachukua nafasi ya waitikiaji, koo likabaki huru kuwa manju. Na koo hilo alilitumia kama ala ya tatu. Wimbo wa Kigogo hupenda kuanza juu na kuteremka. Zawose aliuanzia juu kabisa, kwa sauti nyembamba ya kichwani, akaushusha kwa ngazi hadi kwenye mngurumo wa kifuani, kisha akaruka tena juu bila kuonekana akivuta pumzi. Alikaza na kulegeza koo kiasi kwamba sauti ya kuimba ilipata mkwaruzo uleule wa utando wa buibui. Wauzaji wa rekodi walivutiwa zaidi na upana wa sauti hiyo, wakaisifia kama ajabu ya maumbile. Inafaa kuisikiliza kwa namna nyingine. Kila sehemu ya sauti hiyo ina kazi katika mpangilio, na sehemu ya juu ni sauti ambayo kijijini ingeimbwa na mtu mwingine.

Mwanamuziki wa kijijini wa kizazi chake alikuwa na njia nyingine ya kutokea, na ukanda wa Tanga ndio unaoionyesha vizuri zaidi. Tangu mkonge ulipoingizwa mwaka 1893, mashamba ya Korogwe na maeneo jirani yalivuta manamba kutoka kila pembe ya nchi. Watu waliokutana kambini bila lugha moja ya ngoma walihitaji muziki wa wote, na gitaa likaipata nafasi hiyo. Mjini Tanga ilianzishwa Young Nyamwezi katika miaka ya 1950, jina linaloonyesha asili ya waliokuwa wakiuza nguvu zao kwenye katani, na ndiyo iliyobadilika kuwa Jamhuri Jazz. Humo alipita Wilson Kinyonga, aliyekuja kuunda Simba Wanyika nchini Kenya. Njia hiyo ilikuwa na malipo yake: ukumbi wa dansi, santuri, redio. Ilikuwa pia na gharama. Vyuma vya kugawa noti kwenye shingo ya gitaa vimepangwa kwa ngazi iliyosawazishwa, na anayeingia humo huacha nje ngazi ya nyumbani kwao, iwe ya Wanyamwezi, Wazigua au Wagogo. Muziki mkubwa ulizaliwa hapo, lakini ulizaliwa kwa kuacha kitu.

Zawose alipita mlango wa serikali. Katika hotuba yake ya Desemba 1962 Rais Julius Nyerere alitangaza kuanzishwa kwa Wizara ya Utamaduni wa Taifa na Vijana, na miaka iliyofuata kikaundwa kikundi cha ngoma cha taifa kilichokusanya wasanii wa makabila mbalimbali. Zawose alikuwa miongoni mwa walioitwa Dar es Salaam. Kazi ya kikundi hicho ilikuwa na masharti magumu kwa msanii: ngoma iliyochezwa usiku kucha ilipaswa kuonekana jukwaani kwa dakika chache, mbele ya watu wasioijua lugha yake, pamoja na ngoma nyingine nyingi. Ngoma nyingi ziliumia kwa kufupishwa hivyo. Zeze na ilimba viliumia kidogo, kwa kuwa mtu mwenye ala hizo haachi uwanja nyuma. Masharti yaleyale yakamnoa. Alijifunza kufungua wimbo kwa haraka, kuijenga sauti moja baada ya nyingine ili mgeni aweze kuzifuata, na kuimba pia kwa Kiswahili kuhusu taifa na viongozi wake bila kuhama kwenye ngazi ya Kigogo.

Mwaka 1981 Chuo cha Sanaa kilianzishwa Bagamoyo, na Zawose akawa mmoja wa walimu wake. Bagamoyo ilimpa vitu viwili: mshahara wa kazi ya sanaa na mahali pa kuiweka familia yake. Watoto na wapwa walikulia ufukweni, mbali na mtama na ng'ombe wa Dodoma, lakini walikulia ndani ya ala. Familia hiyo ndiyo iliyogeuka kuwa bendi yake.

Rekodi zake zinaonyesha hatua kwa hatua alivyoutumia ufundi huo. Tanzania Yetu ya mwaka 1985, iliyotolewa na kampuni ya Triple Earth ya Uingereza, na Mateso iliyoifuata, zilimweka pamoja na Dickson Mkwama na Lubeleje Chiute. Ni watu watatu tu, na ndani ya rekodi hizo mpangilio unasikika wazi kuliko mahali pengine popote: ala chache, hewa nyingi katikati yake, kila sauti ikijulikana inakotoka. Anayetaka kujifunza muziki huu aanzie hapo. Chibite, iliyotolewa mwaka 1996 na Real World, kampuni ya mwanamuziki Peter Gabriel, iliwaleta wanafamilia na kurudisha kitu ambacho kazi ya mtu mmoja ilikuwa imekishikilia kwa niaba ya wengine, yaani uitikiaji wa watu halisi. Linganisha Chibite na Tanzania Yetu na jambo moja linajitokeza: uitikiaji wa Chibite unakaa palepale ambapo kamba za zeze zilikuwa zimekaa miaka kumi na moja kabla. Zawose hakuwa amebuni kiitikio kipya. Alikuwa amekitunza kwenye ala hadi wenyewe walipofika.

Mkuki wa Rocho, aliyoifanya na mpwa wake Charles Zawose, ilirudi kwenye uchache wa watu wawili. Halafu ikaja Assembly ya mwaka 2002, ambamo Hukwe na Charles walifanya kazi na mpiga gitaa Michael Brook wa Kanada. Hii ndiyo rekodi inayogawa wasikilizaji wake. Brook ni fundi mwenye masikio mazuri na anajua kuacha nafasi. Tatizo halipo kwake, liko kwenye hesabu ile ya 700. Gitaa na vinanda vya umeme vinashikilia noti iliyosawazishwa, ilimba na koo vinashikilia ile ya asili, na mahali vinapokutana msikilizaji anasikia mojawapo ikimezwa. Pale ambapo ala za kisasa zinabaki kwenye mdundo na kwenye sauti moja ya chini inayovuma, muunganiko unafanikiwa kweli, kwa sababu sauti ya msingi ni moja kwa mifumo yote miwili. Pale zinapoanza kubadilisha kodi (chords) za kimagharibi chini ya wimbo wa Kigogo, wimbo unapoteza uti wa mgongo. Kwa hiyo Assembly ina thamani kubwa kwa mtayarishaji yeyote wa Tanzania anayetaka kuchanganya ala za asili na kompyuta: inaonyesha, ndani ya rekodi moja, mpaka uko wapi. Mwaka huohuo Zawose alifungua maonyesho ya Peter Gabriel katika ziara ya Amerika ya Kaskazini, mbele ya watu waliokuja kusikia muziki mwingine kabisa, akiwa na ala zilezile za kibuyu na chuma.

Alifariki mwaka uliofuata, na Charles naye alifariki mwaka 2004. Pigo la pili lilikuwa zito kwa namna yake, kwa sababu Charles ndiye aliyekuwa ameizoea zaidi nafasi ya sauti ya pili. Chuo cha Bagamoyo, ambacho tangu 2007 ni Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo, kiliendelea kufundisha ngoma na ala za asili, lakini maarifa ya ndani yalibaki katika familia. Msafiri Zawose, mwana wa Hukwe, alitoa Uhamiaji mwaka 2017 kupitia kampuni ya Soundway, akichukua njia inayokubali zaidi vifaa vya umeme. Ametumia lile ambalo Assembly ilikuwa imelionyesha: mashine zinashika mdundo na mvumo, ilimba na zeze vinashika wimbo.

Mabadiliko makubwa zaidi yametoka kwa wanawake wa ukoo huo. Kwa desturi ya Wagogo, muheme na uitikiaji ni vya wanawake, zeze na ilimba ni vya wanaume, na wanaume ndio waliotunga na kuongoza. Hukwe mwenyewe aliukuza muziki huu ndani ya mgawanyo huo, na majina ya wanawake waliomwitikia hayakutangulizwa kwenye rekodi zake kama lilivyotangulizwa lake. Mwaka 2024 Pendo Zawose, binti yake, na Leah Zawose, mjukuu wake, walitoa Maisha kupitia Real World kwa jina la The Zawose Queens, iliyorekodiwa Bagamoyo na watayarishaji Oli Barton-Wood na Tom Excell. Humo wanawake wanatunga, wanaongoza na kushika ala zilizokuwa za wanaume, huku muheme ikibaki mikononi mwao. Kiufundi matokeo yake ni kwamba sauti ya kwanza na ya pili sasa zote ni za juu, karibu sana moja na nyingine, na ule mruko wa noti moja katikati ya ngazi unasikika wazi kuliko ulivyosikika pale sauti moja ilipokuwa kooni na nyingine kwenye zeze la mtu yuleyule.